Msisimame, Mashine Inawaona

Wale Wajapani hawakunikosea kitu, na hilo ndilo linaloniudhi mpaka leo. Mtu akikukosea unajua pa kuanzia. Unashika kiuno, unapaza sauti, unampa lake, mnamaliza. Lakini mtu anayekuinamia asubuhi, akakuinamia mchana, akakuomba radhi hata pale ambapo wewe ndiye uliyechelewa, huyo utamfanya nini? Hapa Johannesburg nimegombana na mwenye nyumba, nimegombana na askari wa manispaa, nimegombana na wateja wanaotaka kusukwa kichwa kizima kwa bei ya kunyolewa ndevu. Kugombana nakujua. Kwa wale watu nilikosa pa kushika.

Mimi ni msusi. Saluni yetu iko Randburg, chini ya jengo la maofisi, na wateja wetu wengi ni wasichana wanaofanya kazi huko ghorofani. Mmoja alikuwa mcheza dansi, msichana wa hapahapa, mwenye nywele nyingi na maneno mengi. Siku hiyo nilikuwa nimemshika kichwa, yeye ananihadithia kuhusu kundi la wasanii kutoka Japani lililokuja kutengeneza onyesho. Wachezaji wameshapatikana, yeye akiwa mmoja wao, ila mwimbaji bado. Wanatafuta mwanamke wa kuimba kwa lugha yake mwenyewe, bila bendi. Mara akanitazama kwenye kioo. "Kama unavyofanya sasa hivi," akasema. Kumbe nilikuwa naimba. Mikono ikiwa kazini huwa sijisikii.

Nilikwenda. Ukumbi wao ulikuwa ghala la zamani la fanicha, si mbali na saluni, na niliingia nikitegemea kukuta ngoma, magitaa, watu wanapasha sauti. Nilikuta nyaya. Nyaya sakafuni, nyaya ukutani, meza ndefu yenye kompyuta, na watu wamekaa kimya kama wanafanya mtihani. Katika kundi lile walikuwemo wanaocheza, wanaochora, wanaoshona, wanaounda mashine, na mmoja ambaye kazi yake yote ilikuwa kusikiliza. Hakuna aliyejitapa kuwa yeye ni msanii na yule ni fundi. Wote walikuwa kitu kimoja. Kiongozi wao alikuwa mama mmoja mwembamba, nguo nyeusi tupu, nywele zimekatwa usawa wa masikio, mkato safi kabisa, hilo nampa. Kiingereza chake kilikuwa haba, kwa hiyo aliyetuunganisha alikuwa kijana wa mashine, mwenye miwani, ambaye Kiingereza chake kilifanana na changu: kinafika, ila kinapitia njia ndefu.

Huyo kijana ndiye aliyenieleza. Darini walikuwa wamefunga kamera ndogo zinazotazama chini. Mtu akiingia jukwaani, mashine inautambua mwili wake na kumpa mwanga wake sakafuni. Akitembea, mwanga unatembea naye. Mimi nikipaza sauti, mwanga wangu unapanuka. Nikiishusha, unajikunja miguuni. Na watu wawili wakianza kuelekeana, mashine inachora mstari wa mwanga kati yao kabla hawajafikiana. Nikamuuliza mashine inajuaje kwamba wanaelekeana. Akasema mwili huanza safari kabla ya miguu: bega, shingo, uzito wa mtu. Mashine imefundishwa kuangalia hapo.

Nikacheka. Akamwita yule mteja wangu, akamsimamisha upande wa pili, akaniambia niimbe. Nikaimba. Msichana hakunyanyua mguu, alipeleka kifua mbele kidogo tu kuja kwangu, na palepale mstari mweupe ukatoka miguuni kwake ukanifikia. Nywele zilinisimama. Siwezi kusema uongo, siku hiyo nilirudi kwangu Bertrams nikiwa na furaha ya kitoto, hata nikapita duka la spaza nikanunua soda ambayo sikuwa na hamu nayo.

Na nyumbani alikuwepo mama.

Lazima nilieleze hili la mama mapema, maana bila hilo mtu atafikiri nalia kwa ajili ya taa. Mama yangu ni wa Uvira, Kongo, na mimi pia, ila mimi nina karatasi ya ukimbizi. Mwenye karatasi ile akikanyaga kwao tu, amejifungia mwenyewe mlango wa kurudi huku. Kwa hiyo kama tungeonana, yeye ndiye aje. Akaja. Na magoti yake yale mabovu, alipanda mabasi akavuka Tanzania, akavuka Zambia, akavuka Zimbabwe, akashuka hapa miguu imevimba hata viatu kavishika mkononi. Neno lake la kwanza halikuwa salamu. Alisema, "Miye barabara ile sirudilie tena. Nikifika nyumbani, njo basi." Nilijua anasema kweli. Mara hii ndiyo ilikuwa mara yetu ya mwisho.

Mama alikuwa mwimbishaji. Kanisani kwetu kina mama wakiimba, yeye ndiye aliyetangulia, wengine wakaitika. Na kwetu mtu akiimba, wimbo ukakuingia, hukai. Unainuka, unakwenda mbele, unamtuza: unampangusa jasho kwa leso, unamtandikia kitenge akanyage, unampepea, na asiye na chochote anamshika mkono tu na kulia. Mwimbaji akifika mwisho wa wimbo watu wote wamekaa, ajue ameanguka. Makofi si kitu. Makofi ni ya shuleni. Mama aliwainukia watu wengi. Alimwinukia hata msichana mmoja mwenye sauti ya mbuzi, kwa sababu alikuwa yatima. Mimi hakuniinukia hata siku moja. Niliimba utotoni, niliimba usichanani, mama amekaa safu ya mbele, magoti yamebanana, ananitazama tu. Sikumuuliza kwa nini. Mama yangu si mtu wa kuulizwa vitu vile.

Basi mtanielewa. Nilipoambiwa kwamba onyesho litafanyika mama akiwa bado huku, nilitaka kitu kimoja. Sikutaka kupelekwa Japani, sikutaka picha yangu magazetini. Nilitaka mama ainuke. Na wimbo niliowapa wale watu ulikuwa wake, alioutunga mwenyewe, wa kupokea waliotoka safari ya mbali.

Nilipomwambia, alikuwa anachambua maharage kwenye sinia.

"Wajapani," akasema. "Na wimbo yangu. Wataifanyia nini?"

"Wataupa mwanga, mama."

"Haikuwa na giza."

Ndiyo mama huyo. Akaendelea kutupa mawe.

Mazoezi yakaanza, na damu ikaanza kunichemka. Mimi naimba kama nilivyolelewa. Watu wakiitika vizuri unarudia ubeti, wakichoka unaukatisha, sauti ikikolea unaishikilia mpaka ikuachie yenyewe. Wao walitaka kila siku iwe sawasawa na jana. Kiongozi alikuwa na macho ya kutisha. Ningemaliza kuimba, wachezaji wamefurahi, yeye anakuja polepole, anainama, halafu kijana anatafsiri: samahani sana, jana kwenye neno hili uligeuza kichwa mapema, leo umechelewa kidogo, na mwanga umekungoja.

"Mwambie jana ilikuwa jana," nikasema.

Kijana akatafsiri. Kiongozi akafikiri kwa makini, akainama tena, akasema samahani, naomba tujaribu jana.

Jamani! Tujaribu jana! Nilitoka nje nikasimama kwenye maegesho ya magari nikaongea peke yangu kwa Kiswahili, mpaka mlinzi wa geti, Mkongo mwenzangu wa Lubumbashi, akaja kuniuliza kama nimefiwa. Nikamwambia bado. Halafu nikarudi ndani nikaimba jana.

Niwape haki yao, hawakunitesa kuliko walivyojitesa. Niliona mchezaji wao mmoja akirudia kuinua mkono asubuhi nzima, mkono tu, mpaka mwanga ukakubali kuanzia kwenye kidole badala ya kiganja, na hakuna aliyeona kama hiyo ni kazi bure. Yule wa kusikiliza alikuwa akiniletea maji ya moto kabla sijajua kwamba koo limekauka. Na siku nikiimba vizuri, walijua. Hawakusema lolote, ila pale mezani mikono yote ilikuwa inaacha kubonyeza. Ndiyo maana sikuondoka, ingawa kila nikifika kwenye roboti, yaani taa za barabarani, zikiwa nyekundu, nilikuwa naapa kwamba kesho sirudi.

Kasheshe lenyewe lilikuja siku ya mazoezi ya wazi. Kiongozi alitaka watu wa kawaida waje wakae, ili mashine izoee ukumbi wenye watu. Akaniuliza kama nina watu. Kama nina watu! Nikawaleta kina mama wa kanisa letu la Bertrams, wakaja na vitenge vyao vya Jumapili, mke wa mchungaji akiwa mbele. Mama hakuja siku hiyo, magoti yalimkatalia. Viti vilikuwa vimepangwa karibu kabisa na jukwaa, na jukwaa lenyewe halikuinuka, lilikuwa sakafu ileile. Mpaka wake ulikuwa utepe mweusi tu uliobandikwa chini.

Nikaanza. Ubeti wa kwanza wakatulia. Wa pili nikasikia, "Eee, Yesu!" Wa tatu mke wa mchungaji akainuka. Na akiinuka yeye, nani atabaki? Walikuja wote, vigelegele, leso, vitenge vinatandikwa juu ya mwanga. Mashine ilifundishwa miili mitano, mimi na wachezaji wanne. Sasa ikakuta kundi zima, na kila mmoja ananielekea mimi. Ikachora mistari, ikachora, ikachora, sakafu yote ikawa nyeupe, ikawaka, ikazima, ikawaka tena, ikafa. Ukumbi ukawa giza totoro. Na mule gizani mke wa mchungaji bado ananipangusa uso, ananiambia, "Endelea, mwanangu, ni umeme tu umekatika!"

Tulicheka mpaka mbavu zikauma. Taa ziliporudi nikawaona Wajapani wamejipanga mbele yetu, wanawainamia kina mama. Wanaomba radhi! Kijana wa mashine macho yamemtoka, jasho linamchuruzika. Kina mama wakadhani wanashukuriwa, nao wakainama. Wakainamiana pale, wakainamiana, hakuna anayetaka kuwa wa kwanza kuacha, mpaka mimi nikaona aibu kwa niaba ya wote.

Siku iliyofuata kiongozi aliniita. Alizungumza taratibu, kijana akawa anafuatisha. Alisema walichokiona jana kilikuwa kizuri kuliko onyesho lao. Alisema wangekuwa na muda wangeijenga mashine upya ili iwapokee kina mama wale. Muda hawana, onyesho ni Jumamosi. Kwa hiyo anaomba, na hapo akainama mpaka nikaona kisogo chake, niwaombe watu wangu siku hiyo wasiinuke.

"Si msogeze viti nyuma tu?" nikauliza.

Haiwezekani. Ule ukaribu ndio kazi yenyewe. Mtazamaji lazima asikie pumzi ya mwimbaji. Yaani watu wakae karibu namna ile, wimbo uwaingie namna ile, halafu wasiinuke. Kwake yeye hayo mambo mawili yalikuwa yanakaa pamoja bila shida yoyote. Nikakubali, kwa sababu nilishafika mbali mno, na kwa sababu nilitaka siku mama atakayokuja kitu kisiharibike.

Jumatano kwenye maombi nikasimama mbele ya kanisa nikatangaza. "Jumamosi msisimame," nikawaambia. "Mashine inawaona. Anayependa wimbo aupende akiwa amekaa." Wakaguna. Mke wa mchungaji akauliza kama Wajapani wana dini. Nikamwambia sijui, ila wana kamera. Halafu nikamwomba yeye mwenyewe akae kando ya mama yangu, awe mlinzi wa safu ya mbele: mtu yeyote akitaka kuinuka, amshike. Alikubali kwa moyo mweupe, maana alijua nani alianzisha mara ya kwanza.

Nyumbani nikamwambia mama.

"Watu wanakaa tu?"

"Wanakaa, mama."

"Mpaka mwisho?"

"Mpaka mwisho. Kazi yao ndivyo ilivyo."

"Hata kwenye matanga watu wanasimama," akasema. Akakunja kitenge alichokuwa anakunja, akakiweka juu ya vingine. "Aya."

Ile "aya" yake ilinikaa kifuani kama ugali mkavu. Ningemwambiaje? Mama, kila mtu akae, ila wewe inuka? Kutuzwa hakuombwi. Ukikuomba, kumeharibika. Na hata kama ningethubutu, ile mashine je? Nilikasirika usiku kucha. Niliikasirikia mashine, nikamkasirikia kiongozi na kisogo chake, nikaukasirikia mdomo wangu uliotangaza kwa sauti kubwa vile. Na mama naye nikamkasirikia. Miaka yote ile nimeimba mbele yake hakuna utepe, hakuna kamera, hakuna aliyemkataza, mbona hakuinuka?

Jumamosi alasiri ukumbi ukajaa. Wanafunzi, watu wa maofisini, wazungu wenye glasi mkononi, na safu ya mbele kina mama wangu, wamenyooka, mikono mapajani, kama wanapigwa picha ya pasipoti. Mama alikuwa katikati. Alivaa kitambaa cha kichwa ambacho sikuwahi kukiona, na pembeni yake mke wa mchungaji, macho makali, kazini.

Niliimba vizuri. Wala sijisifu, mtu anajua. Sauti ilitoka bila kusukumwa, mwanga ukafunguka, wachezaji wakaingia mmoja mmoja, na mistari ikawa inazaliwa na kufa kati yetu vilevile kama ilivyofanya jana na juzi. Nilisikia nyuma watu wanashusha pumzi. Kwenye safu ya mbele nikasikia mtu ananong'ona, "Yesu wangu," akanyamazishwa.

Ubeti wa mwisho ni ule wa kumwambia msafiri aweke mzigo chini, hapa ni kwake. Nilikuwa nimegeuka kwa mama. Na hapo mstari ukatoka miguuni kwangu. Haukwenda kwa mchezaji yeyote. Ulipita katikati yao, ukaenda moja kwa moja mpaka kwenye utepe mweusi, mbele ya kiti cha mama. Nikainua macho. Mama ameshika kiti kwa mikono miwili, kichwa na mabega vimevuka utepe, na kiti hakimgusi tena. Ananitazama mimi. Sura ile sikuwahi kuiona kwake, na nilikaa naye nyumba moja utoto wangu wote.

Inuka, nikasema moyoni. Vunja mashine yao, ukumbi uwe giza, Wajapani wainame mpaka kesho, sijali. Inuka, mama. Mdomoni nilikuwa bado naimba maneno ya wimbo, siwezi kukatisha, na moyo unapiga kelele.

Mke wa mchungaji akamshika kitenge, akamvuta chini. Alimvuta kwa upole, kama nilivyomwagiza.

Mama akakaa. Mstari ukazimika. Nikamaliza wimbo palepale pa jana.

Watu wa nyuma ndio waliosimama, wanapiga makofi, wanapiga miluzi. Kina mama wangu walinitazama, wananiuliza kwa macho. Na mimi niliwaambia msisimame, basi hawakusimama. Safu nzima ya mbele imekaa, wakinipigia makofi ya shuleni, na mama katikati yao anapiga pia, taratibu, mikono miwili mikavu.

Sikuwa nimefuta hata jasho kiongozi akanifikia, na kundi lote nyuma yake. Wakainama. Kijana wa mashine ndiye aliyesema. Wanaomba radhi sana kwa kosa lililotokea ubeti wa mwisho. Ule mstari haukukusudiwa. Mashine ilichukua kitu kilichokuwa nje ya jukwaa. Nisiwe na wasiwasi kuhusu onyesho la kesho, wameshaifupisha macho, haitaona tena ng'ambo ya utepe.

"Kosa?" nikasema. Nikasema kwa Kiswahili, maana Kiingereza kilikuwa kimenikimbia chote. "Kosa! Kitu! Yule ni mama yangu! Nimengoja maisha yangu yote! Mashine yenu ndiyo peke yake iliyoona, na ninyi mnaitoboa macho?"

Kijana akageuka kwa kiongozi. Hakuwa na la kutafsiri. Kiongozi alinitazama usoni kwa muda, na nadhani alielewa kwamba limetokea jambo, ila hakujua ni lipi, kwa hiyo alifanya anachokijua. Akainama zaidi. Wote wakainama zaidi. Nikasimama pale mbele ya migongo yao, mikono kiunoni, hasira zimejaa mpaka kooni, na hakuna hata mmoja aliyeinua uso nimpe lake. Eish. Mwisho nikasema kwa Kiingereza hakuna shida, sharp, nikaenda kuchukua mkoba.

Tulirudi na gari la mke wa mchungaji. Huyo alikuwa na furaha, na kila tukisimama kwenye roboti alikuwa anageuka nyuma kunihadithia. "Mama alitaka kuniponyoka! Hukuona? Nikamkamata! Ningelala pale kidogo tu, tungewaharibia Wajapani wa watu!"

"Asante, mama mchungaji," nikasema.

Mama alikuwa anatazama nje. Nikamgeukia. Niliuliza kwa sauti ya chini. "Mama, ulitaka kuinuka?"

"Magoti," akasema. "Nilitaka kuyanyoosha."

Nyumbani, alipokwisha kuvua kile kitambaa na kukaa kitandani, sikuweza kujizuia. Nikamwambia kila kitu: kamera za darini, bega, shingo, mwili unaoanza safari kabla ya miguu, mstari. Nikamwambia, "Mashine haichori mtu anayenyoosha magoti, mama. Inachora mtu anayekuja."

Alisikiliza mpaka mwisho. "Mashine ile ni mbeya," akasema, akalala, akageukia ukutani.

Jumapili niliimba tena, mama hakuja, na sakafu ilikuwa safi, hakuna kilichovuka utepe. Waliniambia lilikuwa onyesho bora kuliko la kwanza. Walirudi kwao wiki hiyohiyo. Yule wa kusikiliza aliniachia birika lake.

Mama naye siku yake ikafika. Nilimpeleka stesheni ya mabasi asubuhi, tukapanga mabegi, tukapata foleni yake. Sikumuuliza tena. Nilishamaliza maneno yote, na nilichokuwa nacho kifuani kilikuwa hakisemeki bila kulia, na mama hapendi mtu anayelia mbele ya watu. Foleni ikasogea. Alikuwa ameshashika mlango wa basi alipogeuka, akaniambia kama mtu anayekumbusha jambo dogo la nyumbani.

"Weye ukuye siku moja uimbe kule kwetu. Kanisa ni ileile. Kule hakuna mtu wa kunivuta kitenge."

Nikamtazama. Karatasi yangu aliijua, ndiyo iliyomleta yeye huku. Barabara aliijua pia. Alisubiri nijibu.

"Nitakuja, mama," nikasema.

"Aya."

Akaanza kupanda ngazi, mguu mmoja, halafu akapumzika, halafu wa pili. Mwanamume aliyekuwa nyuma yake kwenye foleni akasonya, akamwambia bibi ajiharakishe, watu wana safari. Nikamgeukia huyo mwanamume. Nilimgombeza kwa Kiswahili, nikamgombeza kwa Kiingereza, nikamgombeza kwa Kizulu nilichojifunza sokoni, mkono kiunoni, kidole usoni mwake, mpaka watu wakatuzunguka, mpaka akaniomba msamaha. Nilipomaliza, mlango ulikuwa umefungwa. Mama alikuwa amepewa kiti cha upande ule mwingine, na basi likaondoka sijamuona.